Nilitia Mchanga Mweupe

Chungu cha mama mkwe kilinivunjikia mwezi wa Shaabani, siku chache kabla ya mfungo. Nilikuwa nakiosha uani, kikateleza, kikaangukia ukingo wa karo, basi. Kilikuwa cheusi tititi, kimekunywa mchuzi wa nazi miaka nenda miaka rudi, na hapana mtu nyumbani aliyekubali kwamba sufuria ingepika papa vile vile. Mume wangu hakunigombeza. Alisema tu, "Cha kuvunda hakina ubani," akavaa kofia akaenda zake msikitini. Heri angegombeza.

Sokoni Malindi nikawakuta akina mama wa Kigiriama na vyungu vyao, wamevitenganisha kwa majani makavu visigongane. Nikachukua kimoja, nikakigonga kwa ukucha kama alivyokuwa akifanya marehemu mama mkwe, nikatega sikio. Chungu kizima hulia, chenye ufa hunung'unika. Muuzaji akacheka: "Kumbe wajua, mwenzangu." Sikujua. Nilijua kugonga tu. Ndipo nikauliza swali ambalo limenila miaka sita sasa: hivi vyafinyangwa wapi, na nani?

Vilikuwa vya mama yake. Kigiriama bibi ni hawe, na huyo mama namwita Hawe hadi leo ingawa mimi mwenyewe nina wajukuu wawili na umri baina yetu haufiki miaka ishirini. Mimi nakaa Shela, hii yetu ya Malindi, si ile ya Lamu. Yeye yuko ng'ambo ya daraja la Sabaki, pale mto unapokaribia kumwaga maji yake baharini. Kazi ya mto huo huna haja ya kuifuata ili uione. Mvua zikipiga bara, bahari mbele ya mji wetu hugeuka rangi ya chai ya maziwa na wageni wa mahotelini hununa. Mto huo unatoka mbali, huko juu ni Athi, katikati ni Galana, kwetu ni Sabaki, na popote unapopita unazoa udongo. Kinachowanunisha wageni ndicho Hawe anachokula nacho.

Hachimbi ukingoni. Anachimba kwenye bonde lililokauka, hatua kama mia kutoka majini. Anaondoa tabaka la juu lenye mizizi, anateremka kiasi cha mkono mzima, hadi anapokutana na udongo wa kijivu unaong'ang'ania jembe. Siku ya kwanza alimega kidogo akautia baina ya meno ya mbele, akatafuna, akatema. Kisha akanimegea mimi. Nilidhani ananitania. "Tafuna." Nikatafuna. Udongo mzuri huteleza kwenye meno, haukwaruzi, na hauna chumvi. Mume wangu hajui mpaka leo kwamba nimekula udongo na hali sina mimba.

Baada ya hapo udongo unaanikwa, unatwangwa, unachekechwa, unalowekwa siku tatu nne, halafu unakandwa na mchanga, vibaba vitatu vya udongo kwa kibaba kimoja cha mchanga, zaidi au pungufu kadiri mkono unavyosema. Mchanga ndio unaoufungulia udongo njia. Bila huo, maji hayana pa kutokea na chungu hupasuka kikiwa bado kinakauka. "Mchanga wa mtoni," alisema Hawe. Nikaitikia naam. Sikuuliza kwa nini wa mtoni. Mto ulikuwa nyuma ya nyumba yake, angetumia upi mwingine?

Gurudumu hakuna. Wajukuu wangu wakiona ufinyanzi kwenye simu huona kisahani kinazunguka na mtu amekaa kitako, udongo unapanda wenyewe kama uchawi. Kwa Hawe kinachokaa kitako ni chungu, anayezunguka ni yeye. Anaweka chini ngata ya majani ya mgomba, juu yake kitako cha chungu kilichovunjika zamani, na ndani ya gae hilo analaza donge la udongo la ukubwa wa embe dodo. Analipiga ngumi katikati, analitanua kwa viganja. Halafu anasokota udongo kamba kamba, unene wa kidole gumba, urefu wa kutoka kiwikoni hadi kwenye kifundo cha mkono, anazipanga moja juu ya moja. Anainama kutoka kiunoni, miguu imenyooka, anakizunguka chungu kinyumenyume, mguu mmoja ukipita nyuma ya mwingine bila kuangalia chini. Mgongo wangu ulikataa kata kata. Mimi nafinyanga nimekaa juu ya kibao cha mbuzi ya nazi, nakizungusha chungu na ngata yake, na kila akinitembelea Hawe hutikisa kichwa.

Kazi yenyewe iko kwenye kidole gumba. Kamba ikishalazwa, gumba la ndani linaivuta kwenda chini imeze ile iliyotangulia, na vidole vya nje vinaizuia isikimbie. Ukiiweka tu juu ya mwenzake na kuipapasa ikalainika, itaonekana imeshika. Utaisugua kwa kome, utaikwangua kwa kifuu, utaisifia. Siku ya moto itaachana mzunguko mzima, kama kofia inavyovuliwa. Hilo limenitokea mara mbili na mara zote mbili lilikuwa kosa la haraka: nilikuwa nafinyanga huku nasikiliza kama wali umekauka.

Halafu kuna kusubiri. Wahenga walisema udongo upatilize ungali maji. Kwa heshima zote, aliyesema hivyo nahisi hakuwahi kufinyanga chungu cha kupikia watu wanane. Ukipanda kamba tatu, nne, inabidi usimame, uende ukafue nguo, urudi ukute ukuta umeshika kidogo ndipo uubebeshe zingine. Chungu changu cha pili nilikipatiliza kweli kweli kingali maji, kikachuchumaa mbele ya macho yangu, taratibu, kama mtu aliyechoka kusimama foleni. Lakini ukichelewa nako, kamba mpya haishiki ukuta uliokauka. Lazima ukwaruze, upake uji wa udongo, uombe Mungu. Wakati unaofaa ni mfupi, na kwa kusi haulingani na kwa kaskazi.

Kifuniko nacho kilinipa somo lake. Nilifinyanga chungu wiki hii, wiki ya pili nikakipima mdomo nikafinyanga mkungu wa kukifunikia, umekaa sawasawa. Ulipokauka ukatumbukia ndani. Udongo husinyaa ukikauka na ukichomwa, wa kwangu hupoteza kama sehemu moja ya kumi, na mimi nilikuwa nimepima chungu kilichokwisha kusinyaa kwa mkungu ambao haujaanza. Sasa hufinyanga vyote viwili siku moja, kutoka donge moja.

Mwaka wa kwanza nilipoteza vyungu vingi kwa unyevu kuliko kwa jambo lolote. Ilikuwa masika, vyungu vimekaa wiki tatu ndani ya nyumba, kwa macho vimekauka. Tukavichoma kwa Hawe. Dakika chache tu, cha kwangu kikalipuka kama fataki, kikatupa vigae hadi mlangoni, na kimojawapo kikamvunjia Hawe mtungi wake uliokuwa pembeni. Maji yaliyojificha ndani ya ukuta yakifika kuchemka hugeuka mvuke, na mvuke haungoji mlango. Hawe hakusema kitu. Aliokota kipande cha mtungi wake, akakiweka kando cha kutwangia. Vigae vilivyotwangwa navyo hutiwa kwenye udongo mpya, havitupwi. Siku ya pili akanifundisha kukilaza chungu kwenye shavu. Kikiwa baridi kuliko hewa, bado kina maji. Kikiwa sawa na shavu, kimekuwa tayari. Jirani zangu wameshazoea kuniona barazani nimekumbatia chungu nimefumba macho.

Mwaka wa tatu nikaanza kujiona. Niliacha kwenda ng'ambo kila wiki, nikawa naletewa udongo kwa tuktuk, magunia mawili mawili. Mchanga ukaniishia. Uani kulikuwa na gunia la mchanga mweupe ambalo shemeji alilileta kutoka upande wa Watamu tutandaze chini ya miasumini. Mwenye kuzijua fukwe zetu anajua tofauti: mchanga wa Malindi ni wa kahawia na unametameta, kwa sababu mto unatuletea wa bara. Wa Watamu ni mweupe kama sukari. Ule weupe ulinivutia. Niliuchekecha, nikaukanda, na wallahi sijapata kuona udongo uliotii mkono namna ile. Vyungu sita na vyetezo viwili. Nikavisugua kwa jiwe laini la mtoni hadi vikawa vinaonyesha kivuli cha uso.

Moto nao nikauongezea sifa. Hawe huchoma kwa kuni chache, makumbi ya nazi na samadi kavu ya ng'ombe, moto wa saa moja au kidogo zaidi, na vyungu vyake hutoka na mabaka meusi pale vilipoguswa na moshi. Mimi nilitaka vyekundu vitupu. Nikatia makumbi mara mbili ya yake, nikawasha alasiri ya Januari, kaskazi inavuma. Moto ulinguruma. Asubuhi nikafukua jivu, nikavitoa kimoja kimoja, vyekundu, havina baka, ukivigonga vinalia kengele. Viwili nikauza papo hapo. Kimoja nikampelekea wifi yangu kwenye harusi ya mwanawe, kimefungwa kwa kanga mpya, na nikahakikisha kila mtu anajua nani amekifinyanga.

Siku ya tisa au ya kumi, nimekaa jikoni peke yangu, nikasikia: tak.

Nilidhani mjusi. Tak nyingine. Kwenye sakafu chini ya rafu palikuwa na kijigae cha duara, ukubwa wa ukucha wa kidole kidogo, na kwenye tumbo la chungu shimo la ukubwa huo huo. Katikati ya shimo palikuwa na nukta nyeupe. Nikakigeuza chungu. Mashimo matano. Kufika Ijumaa chungu kilikuwa kama kimeugua tetekuwanga, na vingine hivyo hivyo. Jirani aliyenunua alikuja na chake mkononi, amekuta vipande kwenye mchuzi. Nikamrudishia pesa yake. Mwingine akaniambia ni kijicho, nimejisifu mno harusini, nifukizwe ubani. Sikukataa. Nilijifukiza kwa chetezo ambacho chenyewe kilikuwa kinabanduka.

Wifi alinirudishia chungu kwa adabu, ndani ametia vitumbua, maana chombo cha watu hakirudishwi kitupu. Hakusema neno. Hilo ndilo lililoniuma.

Aliyenitoa gizani ni Mjomba. Ujana wake wote aliumaliza kwenye tanuu la chokaa, na vidole vyake vina makovu ya kazi hiyo. Alikuja kunisabahi, nikamwamkia, akaitikia marahaba, na kabla hajakaa jicho lake likaenda kwenye rafu. Akachukua kijigae, akaikwangua ile nukta kwa kucha ikawa unga. Akausugua baina ya vidole.

"Mchanga umetoa wapi?"

"Watamu, Mjomba."

"Basi, mwanangu, wewe hukufinyanga chungu. Umefinyanga tanuu."

Alinieleza akiwa amesimama, na kusema kweli nilikuwa nayajua yote isipokuwa sikuwahi kuyaweka pamoja. Nani katika watu wa pwani hajui chokaa? Unapanga magogo, juu unapanga mawe ya matumbawe, unachoma. Jiwe linatoka jeupe, jepesi, bado lina umbo lake. Ukilimwagia maji linachemka, linavimba, linapasuka, linakuwa unga. Nyumba za mawe za mababu zetu zote zimesimama juu ya unga huo, za Lamu, za Malindi, hata kuta za magofu ya Gede. Na mchanga mweupe wa Watamu ni nini kama si matumbawe na makombe yaliyosagwa na bahari? Kila punje niliyokanda ilikuwa jiwe dogo la tanuu. Moto wangu wa sifa ukaichoma, ikawa chokaa ambayo bado haijanywa maji. Ikatoka motoni imetulia, imefunikwa na ukuta mzuri uliosuguliwa. Halafu ikaanza kunywa. Hewa yetu ya Malindi ina maji ya kutosha. Punje ikavimba, ndani hakuna nafasi, ikasukuma kibamba cha mbele yake. Tak.

Baadaye nilisoma kwamba moto wa wazi, usio na tanuu, kwa kawaida hufika kati ya nyuzi 600 na 900 za selsiasi, na kwamba makombe na matumbawe huanza kugeuka chokaa moto ukipita nyuzi kama 700. Kwa hiyo makosa yalikuwa mawili yaliyopeana mikono. Mchanga ule kwenye moto mdogo wa Hawe huenda ungenyamaza. Moto ule juu ya mchanga wa mtoni ungenipa vyungu vyekundu na sifa zangu.

Nilikwenda kwa Hawe na kijigae nimekifunga kwenye pindo la kanga. Alikitia mdomoni kama kawaida yake, akakitema. "Pwani," akasema. "Nilikwambia mtoni." Nikamuuliza mbona hakuniambia sababu. Akanitazama kama niliyeuliza kwa nini jua linachomoza upande wa bahari. "Mama yangu alitia wa mtoni," akasema, akaendelea kusokota kamba yake.

Jambo hilo halijaniacha. Nilikuwa nimezigawa kanuni za Hawe mafungu mawili kichwani mwangu, zile zenye maana na zile za mazoea, na mchanga wa mtoni nilikuwa nimeuweka kwenye mazoea. Sasa zimebaki kanuni nyingine ambazo sijui nizipeleke wapi. Hataki mtu azungumze wakati wa kuwasha moto. Hataki kukanda udongo jua la utosini. Hataki chungu kihesabiwe kabla hakijatoka kwenye jivu. La jua nimelikisia, udongo hukauka juu ukabaki mbichi ndani. La kuzungumza nahisi ni kwa sababu anayezungumza haangalii upepo. La kuhesabu sina langu. Lakini sihesabu.

Nimejaribu na ujanja mmoja, kukandia maji ya bahari. Wapo wafinyanzi wa mbali wanaotia makombe makusudi na kuyatuliza kwa chumvi, nami nikafinyanga vibakuli vinne vya mchanga mweupe kwa maji ya chumvi. Kweli, mibanduko ilipungua sana. Ila vilitoka na ukungu mweupe usoni kama midomo ya mfungaji saa kumi jioni, na Hawe alivikataa kabla sijafungua mdomo. Nimerudi mtoni.

Mwaka 2024, Gede ilipoingizwa kwenye orodha ya Urithi wa Dunia, nilimpeleka mjukuu wangu mkubwa. Nilipokuwa shuleni tulipelekwa pale kwa lori, tukasimuliwa jinsi mwanaakiolojia James Kirkman alivyoanza kuchimba 1948, tukaonyeshwa vyombo vya kaure kutoka Uchina, sote vinywa wazi. Vigae vya kienyeji tulivipita. Safari hii nilivipita vya kaure. Vyungu vya udongo wa hapa ndivyo vilivyokuwa vingi katika miji yetu yote ya zamani, na huko Shanga kisiwani Pate wachimbaji wamevikuta katika matabaka ya karne ya 8, vimechanjwa pembe tatu pembe tatu shingoni, bila gurudumu. Mimi sikuangalia nakshi. Niliinama kwenye kioo nikatazama pale palipovunjika, kwenye unene wa ukuta, nikitafuta punje. Mjukuu akaniuliza natafuta nini. Nikamwambia naangalia kama mwenye chungu alitoa mchanga mtoni.

Nyumbani methali ya mfinyanzi hulia gaeni si methali tena, ni mpangilio wa rafu. Vizuri huuzwa au hupewa watu, na sisi tunakula kwenye vilivyoinama. Wifi nilimfinyangia kingine, cha mchanga wa mtoni, nikangoja miezi mitatu kabla ya kumpelekea. Bado anakipikia. Kile cha harusi nimekitia udongo nikapanda mrehani, kiko dirishani jikoni. Kimebaki na punje chache zilizojificha ndani sana. Masika yaliyopita, mvua ya kwanza ilipoanza kunyesha usiku, tulikuwa tumekaa na mume wangu tunakunywa kahawa, ikasikika: tak.

Akainua uso. "Kingali?"

"Kingali," nikamwambia, nikammiminia nyingine.